Dawa ya Ugonjwa Usiokuwepo

Wako wazazi wanaouliza kwa sauti ya chini: "Mwanangu anavutiwa na wa jinsia yake. Kuna dawa?" Leo tuangalie historia ya swali hilo.

Zamani madaktari wengi walijibu kwamba dawa ipo. Ulaya na Marekani walitumia dawa za kutapisha, homoni na shoti za umeme. Afrika Kusini, enzi za ubaguzi wa rangi, vijana wa jeshini walipelekwa hospitali ya kijeshi Pretoria, wakaonyeshwa picha za wanaume huku wakipigwa shoti. Umeme haukubadilisha mvuto wao. Uliacha majeraha ya moyo.

Mwaka 1973 Chama cha Madaktari wa Magonjwa ya Akili cha Marekani kiliondoa hali hiyo kwenye orodha ya magonjwa. Mei 17, 1990, Shirika la Afya Duniani likafanya vivyo hivyo. Mwaka 2012 Dkt. Robert Spitzer, ambaye utafiti wake wa 2003 ulidai kuwa wengine hubadilika, aliomba radhi. Alikuwa ametegemea maelezo ya watu kwa simu, bila njia ya kuyathibitisha.

Hapa Pwani, mwaka 2015, wanaume wawili waliokamatwa Ukunda walipelekwa hospitali Mombasa, wakapimwa sehemu za siri bila hiari yao. Hiyo haikuwa tiba, lakini kosa ni lile lile: kutumia taaluma ya afya dhidi ya mwili wa mtu. Machi 22, 2018, Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba upimaji huo ulivunja Katiba.

Ni kweli, sheria yetu ingali inakataza vitendo hivyo. Lakini jambo kukatazwa na sheria hakulifanyi kuwa ugonjwa.

Kwa hiyo mzazi, usimfungie mtoto, usimpige, usimnyime chakula kwa jina la mfungo, wala usimwoze kwa lazima. Anayekuuzia "tiba" anakuuzia aibu, huzuni, na pengine mawazo ya kujiua. Mtoto akisema amechoka kuishi, usimwache peke yake. Mlete kliniki siku hiyo hiyo. Sisi wauguzi tunafungwa na kiapo cha kutunza siri, na cha kutomdhuru mgonjwa.

Mtoto aliye hai ndiye unayeweza kuzungumza naye kesho.