Nani Aingie Kikashani: Historia Fupi ya Barua Zinazoaminiwa

Mwaka 1931, eropleni za kampuni ya Imperial Airways zilipoanza kuchukua barua kutoka London hadi Mwanza na kutua Kisumu njiani, wakazi wa ufuo huu wa ziwa walikuwa wamekwisha kuizoea posta kwa muda wa miaka thelathini, yaani tangu reli ilipofika ukingoni mwa maji mwezi wa Desemba 1901 na mji wenyewe ukaitwa Port Florence. Katika miaka hiyo yote, na katika mingi iliyofuata, halikuwako shauri la kumwuliza mtu ni barua zipi angependa zimfikie na zipi zitupwe. Kwani barua ilikuwa na gharama, nayo gharama hiyo, ingawa ni ya stempu moja tu, ilitosha kumzuia laghai asiandike nyaraka elfu kumi kwa usiku mmoja. Fauka ya hayo, barua ilipita mikononi mwa watu wanaojulikana. Jamaa wengi wa Nyanza hawakuwa na sanduku lao posta. Walitumia la shule, la kanisa au la mwenye duka, na mwalimu mkuu ndiye aliyesoma majina mbele ya wanafunzi waliopanga mstari asubuhi, akamkabidhi mtoto bahasha ampelekee babaye. Mwalimu huyo aghalabu aliutambua mwandiko wa kijana aliyekuwa kibarua bandarini Mombasa, na muhuri wa posta ulimpa habari iliyobaki. Hukumu ya nani aaminiwe ilikuwa mikononi mwa mtu, tena mtu mwenye jina na mwenye kulaumika.

Barua pepe ilizaliwa bila ya stempu na bila ya mwalimu mkuu. Ray Tomlinson, alipopeleka ujumbe kutoka kompyuta moja hadi nyingine mwaka 1971 huko Cambridge, Massachusetts, na kuiteua alama ya @ itenge jina la mtu na jina la mtambo wake, aliwafanyia kazi watafiti wachache waliojuana; na kanuni ya kusafirisha barua ambayo Jon Postel aliichapisha mwaka 1982 ilimwacha mtumaji ajitaje kwa jina lolote alitakalo, pasipo mtu wa kumdai shahidi. Dalili ya mambo yatakayokuja ilikuwa imekwisha kuonekana, maana tarehe 3 Mei 1978 Gary Thuerk, mwuzaji wa kampuni ya Digital Equipment Corporation, aliwapelekea watu wapatao mia nne kwa mara moja tangazo la kompyuta mpya ambalo hakuna aliyeliomba. Alikaripiwa vikali, na jambo likaachwa hapo.

Huku kwetu mambo yalianza kwa unyonge unaostahili heshima. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, mjini Nairobi, shirika la Environment Liaison Centre International lilikuwa na kituo cha mtandao wa FidoNet, ambako ujumbe ulikusanywa, ukafungwa pamoja, kisha ukapelekwa Ulaya kwa mwito wa simu uliolipiwa kwa dakika. Mwaka 1993 nchi ikapata kikoa chake cha .ke, kikiwa chini ya uangalizi wa Dkt. Shem Ochuodho, ambaye baadaye aliwakilisha Rangwe, ng'ambo ya ghuba, katika Bunge, pamoja na Randy Bush aliyeshughulikia mitambo kutoka Marekani. Na mwaka uliofuata wanafunzi Wakenya waliosomea Massachusetts wakaanzisha Africa Online. Mtu aliyelipia kila dakika ya simu ili apokee barua hakuweza kuichukulia barua isiyoombwa kuwa mzaha, kwa maana aliigharimia yeye aliyeipokea. Na mwezi wa Aprili 1994 mawakili wawili wa Arizona, Laurence Canter na Martha Siegel, walipoyajaza mabaraza ya mtandao wa Usenet kwa tangazo lao la bahati nasibu ya kadi ya ukaazi wa Marekani, ulimwengu mzima ulitambua kwamba gharama ya kumsumbua mtu ilikuwa imeshuka mpaka sufuri.

Watu wa Migosi, mtaa wa Kisumu, waliingia katika habari hii kupitia saiba, yaani duka la kulipia kompyuta na intaneti kwa dakika. Mtaa huo, ulio upande wa kaskazini-mashariki ya mji, hatua chache kutoka Kondele, una walimu, makarani, wauguzi na wafanya biashara, na mengi ya majumba yake yana mtoto au ndugu aliye mbali. Mapema katika karne hii, kijana wa saiba ndiye aliyemfungulia mama anwani ya Yahoo au Hotmail, akamchagulia neno la siri, na mara nyingine akalihifadhi kichwani mwake kuliko mwenyewe alivyolihifadhi. Almuradi cheo cha mwalimu mkuu kilihamia kwake. Lakini sanduku lenyewe lilikuwa dogo mno: Hotmail ilitoa megabaiti 2, na Yahoo ilitoa 4 kwa wanaojiunga, hata mtu akikaa majuma mawili bila ya kufika saiba, barua za matangazo ya dawa na mikopo zilikuwa zimekwisha kulijaza, na barua ya mwanawe ikarudishwa ilikotoka kwa kukosa nafasi. Yahoo ilikuwa na folda ya kando ya kutupia zilizoshukiwa. Nani angeifungua, hali saa ya ukutani inahesabu shilingi? Iliyotupwa humo ilikuwa sawa na iliyopotea.

Hapo ndipo penye jambo ambalo, kwa maoni yangu, halijasimuliwa kwa kadiri ya haki yake. Silaha ya kwanza ya wale waliojitolea kuzuia barua taka ilikuwa orodha ya wanaokataliwa. Paul Vixie na wenziwe wa California waliianzisha yao mnamo 1997, ikataja namba za mitambo inayotoa uchafu, na mwenye mtambo popote duniani akaweza kuifuata na kuwafungia mlango wote waliotajwa. Dawa hiyo ilikuwa kali, nayo haikubagua. Kompyuta za saiba zilikuwa na virusi vilivyotuma barua bila ya mwenyewe kujua, na wateja wengi wa kampuni moja ya intaneti walitoka nje kwa namba moja. Mmoja akichafua, wote wakahesabiwa wachafu. Kisha zikazuka zile barua za urithi wa uwongo, ambazo zilinasibishwa na Lagos, na baadhi ya wasimamizi wa mitambo ya Ulaya na Marekani wakaona ni rahisi zaidi kuyakataa makundi mazima ya namba za Afrika kuliko kumpambanua mwema na ayari. Mwalimu wa Kisumu akimwandikia rafikiye wa chuo cha ng'ambo alilipia dhambi ya mtu asiyemjua, wa nchi asiyowahi kuikanyaga.

Silaha ya pili ilikuwa ya hesabu. Thomas Bayes, mchungaji wa Uingereza aliyefariki mwaka 1761 bila ya kuchapisha kanuni iliyomletea sifa, hakuota kwamba karne mbili na zaidi baadaye watafiti wa Microsoft wangeitumia, mwaka 1998, kupima barua ipi ni taka. Wala kwamba Paul Graham angeieneza kwa makala yake ya Agosti 2002, akionyesha kuwa mtambo unaweza kujifunza kwa kuhesabu maneno yaliyomo katika barua alizozipenda mtu na yale yaliyomo katika zile alizozichukia. Uzuri wa njia hii ni kwamba kila msomaji huufundisha mtambo wake mwenyewe. Neno ambalo mizani hiyo haijapata kuliona, Graham alilipa alama ya 0.4, yaani alilidhania wema kidogo, na kwa hiyo barua iliyoandikwa kwa Kidholuo tupu au Kiswahili tupu iliweza kupita salama, ilhali ile ya Kiingereza ndiyo iliyotiwa shakani. Na tufikiri jinsi barua ya matanga ilivyokuwa. Kamati ya mazishi inaketi Migosi, inamwandikia jamaa aliye Dallas au Minnesota kwa Kiingereza cha adabu, kwamba marehemu baba ameaga, kwamba mchango unahitajika kwa haraka, kwamba hesabu ya benki ni hii na jina la mweka hazina ni hili, na kwamba Mungu ambariki atakayetoa. Hakuna neno hata moja humo ambalo ayari hakulitumia kabla yake. Msiba wa kweli na hila ya uwongo vilivaa kanzu moja, na mtambo, maadamu haujui kulia na wafiwa, ukavihukumu kwa kanzu.

Ndiyo sababu silaha ya tatu, orodha ya wanaoaminiwa, ina hadhi kuliko zile mbili. Humo neno la mwenye kikasha hutangulia neno la mtambo, kama bawabu anayeambiwa na bwana wa nyumba kwamba mgeni huyu, ajapokuja usiku na viatu vyenye matope, apishwe. Gmail, iliyofunguliwa tarehe 1 Aprili 2004 na kutoa gigabaiti nzima, ilimwondolea mtu shida ya nafasi, lakini haikumwondolea kazi hii: atazame folda ya taka, aichukue barua ya haki, abonyeze kwamba si taka, amwandike mtumaji katika daftari lake la anwani, na kwa yule ambaye hataki kubahatisha kabisa, aweke kichujio kinachoagiza kwamba barua za anwani fulani zisipelekwe taka kamwe. Outlook nayo ina orodha ya watumaji salama kwa kazi hiyo hiyo. Asiyeangalia apate kujua kwamba Gmail hufuta kilicho katika folda hiyo baada ya siku 30.

Hata hivyo idhini hiyo itolewe kwa uchache. Kwa kuwa kanuni ya Postel ilimruhusu mtumaji ajiite apendavyo, ayari aliyejua kwamba unaiamini benki yako alijitia jina la benki yako na kupita mlango ule ule ulioufungua. Kuamini jina peke yake kukawa hatari, na ikalazimu kutafutwa njia ya kulithibitisha: kwanza SPF, ambayo humwezesha mwenye kikoa kutangaza ni mitambo ipi inayoruhusiwa kutuma kwa jina lake, kisha DKIM, iliyochapishwa kuwa kanuni mwaka 2007, ambayo hutia barua muhuri wa hesabu usioweza kughushiwa kwa urahisi, hatimaye DMARC ya mwaka 2012, ambayo husema lifanyike lipi muhuri na jina visipopatana. Baada ya miaka mingi, basi, muhuri ulirudi.

Tangu Februari 2024, Google na Yahoo zimeyafanya hayo kuwa sharti kwa kila anayepeleka barua nyingi, ambazo kwa hesabu ya Google ni 5,000 au zaidi kwa siku, na zikataka malalamiko ya wasomaji yasifikie tatu katika kila elfu. Na hata mtumaji mdogo anatakiwa awe na SPF au DKIM. Shule ya Migosi au chama cha akiba hakitumi elfu tano, bali kina mhasibu anayetuma taarifa ya karo kwa anwani ya .sc.ke au .co.ke iliyofunguliwa zamani na fundi ambaye amekwisha kuhamia Eldoret, na hakuna anayejua kama rekodi hizo ziliwekwa. Mhasibu huyo hulaumiwa na wazazi kwamba haandiki, naye huwalaumu wazazi kwamba hawasomi. Aliye na kikoa cha namna hiyo na amwulize anayemwekea mtambo, kwa majina, juu ya SPF, DKIM na DMARC. Mwenye kujua kazi atajibu siku hiyo hiyo. Huku jibu likingojewa, wazazi waitie anwani ya shule katika daftari zao za anwani, na walioko ng'ambo wafanye vivyo hivyo kwa anwani ya katibu wa kamati ya mazishi.