Vyombo vya Wazee vya Kutunza Habari za Kale

Watungaji wa hadithi za siku hizi hupenda kubuni chombo cha ajabu, chenye nguvu za uchawi, ambacho kazi yake ni kuzilinda hadithi. Chasikiliza zinavyosimuliwa, na kikiona mahali palipochanika, chapashona pasijulikane. Ni mchezo wa akili tu, wala hauna ubaya. Lakini msomaji wa milimani asidhani ya kuwa haja hiyo ni ngeni. Wazee wetu waliijua, wakajifanyia vyombo vyao vya kweli, navyo vilitumika miaka mingi kabla ya kalamu kufika.

Tuanze na kwetu. Mtu atokaye Bigwa akishika njia iendayo Kisaki huuacha mji wa Morogoro nyuma yake, akauzunguka ubavu wa mashariki wa milima ya Uluguru, akapitia pande za Kinole na Matombo. Katika nchi hiyo mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na tangu zamani ardhi ilikuwa ya ukoo, si ya mtu mmoja. Basi ukiuliza, "Shamba hili ni la nani?" hukujibiwa kwa hati, ulijibiwa kwa hadithi: nani alifika kwanza, alitoka wapi, alifyeka msitu gani, na nani alikuja nyuma yake akaomba mahali pa kulima. Hadithi ikiharibika, shamba limepotea. Kwa sababu hiyo haikuachwa ovyo.

Chombo cha kwanza kilikuwa jina. Mkubwa wa ukoo alipokufa, mrithi wake, mara nyingi mtoto wa dada yake, alipewa jina lile lile pamoja na vitu vya marehemu, kama vile kigoda na fimbo. Ndivyo jina la Kingalu lilivyodumu huko Kinole, likipita kwa mtu hata mtu, hata walioitwa hivyo wamezidi kumi. Mkristo hakiabudu kigoda, wala haimpasi. Lakini ni haki kukubali ya kuwa kigoda kile kilikuwa daftari pia. Aliyekikalia alipaswa kujua waliokikalia kabla yake. Tena hakusema peke yake. Wazee wa ukoo walikuwapo, na watani walikuwapo, ambao desturi iliwapa kazi za mazishi na ruhusa ya kunena neno kali bila kukasirikiwa. Mbele ya watu kama hao si rahisi mtu kujiongezea babu.

Hata hivyo chombo hiki kina udhaifu wake. Jina likiwa moja, watu watatu hugeuka mtu mmoja, na vita ya babu ikawa ya mjukuu. Tazama habari za Morogoro yenyewe. Kisabengo, Mzigua, alijenga mji wenye boma chini ya milima, na Burton alisikia habari za ukali wake alipopita mwaka 1857. Stanley alipofika mwaka 1871 alimkuta binti wa Kisabengo akitawala. Wenyeji humkumbuka binti yule kwa jina la Simbamwene. Stanley aliliandika jina hilo kuwa la mji. Kitabu chake kikatoka mwaka 1872, kikasomwa Ulaya na Marekani, wala hapakuwa na Mluguru wala Mzigua huko wa kumwambia, "Bwana, sivyo."

Mfano ulio karibu zaidi na kile chombo cha kubuniwa uko mbali kidogo na sisi, ng'ambo ya ziwa Tanganyika, kwa Waluba wa Kongo. Wao walikuwa na kibao cha mti kiitwacho lukasa, cha kadiri ya kushikwa kwa mkono mmoja, kilichopambwa shanga na kauri na kuchongwa alama. Wenye kujua kukisoma walikuwa watu wa chama cha Mbudye, waliofundishwa kwa siri. Mmoja alikishika mkononi mwa kushoto, akazipapasa shanga kwa kidole cha kulia, huku akisimulia mambo ya Nkongolo, mfalme mkali, na ya Kalala Ilunga aliyemshinda. Ushanga mkubwa uliozungukwa na midogo ulikuwa mfalme na watu wake. Leo vibao vingi vimo katika nyumba za makumbusho za Ulaya na Marekani. Walinzi wake wanaweza kuzihesabu shanga zote bila kukosea, na habari wasipate, kwa maana vidole vilivyozisoma havikuchukuliwa pamoja navyo.

Wasomaji watakumbuka yale mawe kumi na mawili ya Yordani katika kitabu cha Yoshua. Jiwe halikutazamiwa kunena. Lilitazamiwa kumfanya mtoto aulize.

Katika Rwanda akili ilikuwa nyingine. Siri za ufalme zilishikwa na watu walioitwa abiru, nao waligawana maneno, kila ukoo fungu lake, hata asiwepo mmoja awezaye kuyageuza yote. Padre Alexis Kagame, Mnyarwanda mwenyewe, aliyaandika katika miaka ya 1940, na pasipo kazi yake mengi yangalipotea. Lakini alipoihesabu miaka ya wafalme wa kale, wataalamu waliomfuata, hasa Jan Vansina, walisema ameirefusha mno. Basi hata wino hauna budi kuwa na mtani wake.

Huku Uluguru wino ulikuja kwa njia ya serikali. Kwa sheria ya mwaka 1926, siku za Gavana Cameron, Waingereza walitafuta watawala wa kuandikwa katika daftari, na milima iliyokuwa na wakubwa wengi wa koo ikapewa masultani. Aliyeandikwa alisimama imara. Asiyeandikwa alibaki na hadithi yake mdomoni. Utawala huo uliondolewa mwaka 1963, lakini karatasi zilizoandikwa hazikusahauliwa upesi hivyo.

Siku hizi Bigwa imo ndani ya manispaa, na viwanja hupimwa kwa vyombo vya wapima ardhi. Vijijini juu ni vingine. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 imeweka baraza la watu saba kupatanisha wagombanao, na katika hao wanawake wasipungue watatu. Wazee wawili husimama mbele yao, kila mmoja na habari za babu zake, na neno huandikwa. Na katika nchi ambamo ukoo hupita kwa mama, si ajabu wale watatu wakawa ndio wajuao hasa nani alizaliwa na nani.