Sinema za Vita na Vinywa vya Walioviona

Wasikizaji wetu, wahenga walinena: Adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Habari za vita nazo ni vivyo hivyo. Jemadari ajua ramani, na karani ajua hesabu ya risasi. Lakini njaa, hofu na matope avijuaye ni yule aliyekuwamo. Leo twataka kueleza jinsi watengenezaji wa sinema za historia wanavyoitafuta habari yake, na kwa nini yapasa itafutwe upesi.

Huenda mtu akauliza: Je, picha peke yake haitoshi? Haitoshi. Mwaka 1916 Waingereza walitoa sinema ya mapigano ya Somme, huko Ufaransa. Sehemu kubwa ilipigwa uwanjani kweli; lakini ile picha mashuhuri ya askari wakipanda kutoka handakini na kuanguka, wachunguzi wameona kwamba iliigizwa mbali na adui. Kamera huona kilichowekwa mbele yake tu. Kwa hiyo shahidi ahitajiwa.

Na tutwae mfano wa Isaac Fadoyebo wa Nigeria. Alijiandikisha mwaka 1942, akiwa na umri wa miaka 16, akafanywa mhudumu wa wagonjwa, akapelekwa Burma, nchi iitwayo leo Myanmar, ambako askari wetu wa K.A.R. nao walipigana na Wajapani. Machi 1944 kikosi chake kilishambuliwa kando ya mto Kaladan, naye akapigwa risasi, mguu ukavunjika. Yeye na David Kargbo wa Sierra Leone walisalia mwituni miezi tisa. Walioponya maisha yao ni wanakijiji. Mmoja wao, mkulima aitwaye Shuyiman, aliwaficha nyumbani mwake, ingawa Wajapani wangalijua wangalimwua. Desemba 1944 wakaokolewa.

Mwaka 2011 mwandishi wa habari Barnaby Phillips alitoa sinema ya habari hizi, iitwayo The Burma Boy. Angalieni kazi yake. Kwanza alimwendea mzee mwenyewe, akamsikiliza. Pili, hakutosheka na kinywa kimoja: alichukua barua ya shukrani ya Isaac, akaenda Burma kuitafuta jamaa ya Shuyiman. Shuyiman alikuwa amekwisha kufa, lakini jamaa zake walipatikana, nao waliijua habari ile. Hivyo vinywa viwili, vilivyotengwa na bahari na miaka zaidi ya 60, vilikutana katika neno moja.

Kumbukumbu ya mzee yaweza kuteleza; mwaka hugeuka, na hesabu huongezeka. Ndiyo sababu mtengenezaji mwema hulinganisha shahidi na shahidi, neno na barua, masimulizi na mahali. Lakini mkulima aliyemlisha mgeni, ni shida kumwona katika vitabu vya majemadari. Huyo hukaa katika kinywa cha aliyelishwa.

Isaac alifariki mwaka 2012. Kama sinema ile ingalicheleweshwa miaka miwili tu, barua ile isingaliandikwa, na jamaa ya Shuyiman wasingalipata asante yao.

Askari wetu waliokwenda Burma, wengi sana wamekwisha kufa. Bali watoto wao walioketi na kuwasikiliza wangalipo. Hata asiye na kamera ana daftari. Basi, mwanafunzi, uliza. Andika neno kama lilivyosemwa, pamoja na mahali na mwaka. Kisha nenda kwa mzee wa pili, ukaulize tena.