Siwa, Tarumbeta na Beni: Sauti ya Ufalme katika Unguja ya Masultani



Kiswahili kina maneno mawili yaliyozaliwa na neno moja la Kiingereza. La kwanza ni beni, la pili ni bendi. Likitajwa la kwanza Lamu, Mombasa au Unguja, msikilizaji huona mbele yake mstari wa watu wanaotembea barabarani, ngoma kubwa ya kifuani, tarumbeta, na umati unaofuata nyuma. Likitajwa la pili, huona jukwaa, magitaa na watu wanaocheza dansi. Naamini kwamba beni liliingia kwa njia ya sikio, kinywani mwa watu walioisikia ala kabla ya kuliona jina lake limeandikwa, na ndiyo maana ile d ya mwisho, ambayo Mwingereza mwenyewe huitamka kwa wepesi, ikapotea. Bendi ni neno la watu waliokwisha kusoma. Kati ya maneno haya mawili pana historia ndefu ya kasri, askari na mitaa. Sehemu ya kasri ndiyo iliyosahauliwa zaidi, nayo ndiyo nitakayoizungumzia.

Sayyid Barghash bin Said alitawala Unguja tangu mwaka 1870 hadi 1888. Wengi tunamkumbuka kwa maji ya bomba yaliyotoka Chemchem hadi mjini, na kwa jumba la Beit al-Ajaib lililojengwa mwaka 1883. Inafaa tumkumbuke pia kwa sauti. Masimulizi ya asili ya taarabu humtaja yeye kuwa ndiye aliyempeleka Mohamed Ibrahim Misri kujifunza kanuni. Taarabu hiyo ilikuwa muziki wa ndani, wa baraza na wageni walioalikwa. Nje, mbele ya jumba, kulikuwa na muziki wa aina nyingine kabisa, yaani beni ya Sultani, iliyopiga ala za shaba na ngoma kwa mtindo wa majeshi ya Ulaya, na ambayo wageni waliopita mjini wameitaja kuwa ilisikika nyakati za jioni.

Wapigaji wake walikuwa Wagoa. Jambo hili linahitaji maelezo, kwani si wazi mara moja kwa nini Sultani wa Kiarabu aende kutafuta wanamuziki katika koloni la Wareno huko India. Goa ilikuwa na shule za parokia ambamo watoto walifundishwa kusoma noti za muziki pamoja na uimbaji wa kanisani. Kwa sababu hiyo Wagoa walikuwa miongoni mwa watu wachache pembezoni mwa Bahari ya Hindi walioweza kuwekewa karatasi ya muziki wa Ulaya mezani wakaupiga siku hiyohiyo. Waliajiriwa katika bendi nyingi za India, na wengine wakavuka hadi Unguja. Basi tujaribu kuiona picha hiyo. Wakatoliki waliofunzwa kwa ajili ya ibada ya kanisa wanapiga nyimbo za gwaride mbele ya mtawala wa madhehebu ya Ibadhi, ambayo wanazuoni wake wengi hawakuziridhia ala za muziki, katika mji ambao wakazi wake wengi walikuwa Waswahili wa madhehebu ya Shafi. Sidhani kama Barghash aliona ajabu yoyote. Alikuwa amekwisha kuitembelea Uingereza mwaka 1875 na kupokewa kwa heshima za kifalme, naye alijua kwamba katika dunia ya wakati wake dola hutambuliwa kwa bendera, mizinga ya salamu na beni. Jeshi jipya lililoundwa mwaka 1877 chini ya Lloyd Mathews, ofisa wa jeshi la majini la Uingereza, lilikuwa sehemu ya hoja hiyohiyo.

Lakini itakuwa kosa kudhani kwamba wazo la ufalme kuwa na sauti yake liliingia pwani pamoja na Wagoa. Kulikuwa na siwa. Siwa ya Pate ni ya pembe ya ndovu, ina urefu wa takriban mita mbili. Ya Lamu ni ya shaba. Zote mbili zimehifadhiwa katika makumbusho ya Lamu, na James de Vere Allen aliziandikia makala mwaka 1976. Unguja yenyewe, Mwinyi Mkuu aliyekaa Dunga alikuwa na siwa yake na ngoma zake za enzi. Mwinyi Mkuu Muhammad bin Ahmed alifariki mwaka 1865, na mwanawe Ahmed akafariki mwaka 1873. Baada yake cheo hicho hakikupata mwenyewe tena. Kwa hiyo beni ya Sultani haikuja kujaza ukimya. Ilikuja wakati ule ule ambapo sauti ya watawala wa kale wa kisiwa ilikuwa inazimika, na kwa sehemu ikachukua nafasi yake.

Ningependa tukae kidogo juu ya siwa, kwa sababu ndani yake mna kanuni ambayo tutaihitaji. Siwa haikubaki kwa mtawala peke yake. Ilitolewa ipigwe katika harusi na tohara za waungwana, kwa idhini na kwa malipo. Asiye muungwana hakupewa, hata awe na mali kiasi gani. Kupigiwa siwa kulikuwa ni kuazima kwa siku moja kipande cha ufalme, na aliyeazima alijua kwamba kuna mwenye mali. Mtu wa Lamu aliyesikia mlio huo mtaani hakujiuliza wimbo ni mzuri au mbaya. Alijiuliza ni nani aliyepewa.

Mwaka 1890 Unguja iliwekwa chini ya himaya ya Waingereza. Mwaka uliofuata, Mathews yule yule aliyekuwa mtumishi wa Barghash akawa Waziri Mkuu wa serikali ambayo mapato yake hayakuwa tena mikononi mwa Sultani; mtawala akabaki kupewa posho. Tarehe 27 Agosti 1896, Khalid bin Barghash alipokataa kuondoka katika kasri, manowari za Kiingereza zililipiga kwa mizinga kwa muda usiofika saa moja. Baada ya siku ile hapakuwa na shaka nani mwenye amri. Hata hivyo heshima za nje hazikuondolewa. Bendera nyekundu iliendelea kupepea, mizinga ya salamu iliendelea kulia, na muziki wa gwaride uliendelea kumlaki Sultani katika sherehe zake, hadi miaka ya Khalifa bin Harub aliyetawala tangu 1911 hadi 1960. Nguvu ilipoondoka, fahari iliachwa, tena ilitunzwa vizuri, kwani ilimfaa mkoloni kwamba watu waendelee kusikia dola ambayo haikuwapo tena. Huu ni ukatili wa aina yake, ingawa ulitendwa kwa adabu.

Ni katika miaka hiyohiyo ya mwisho wa karne ya 19 ndipo beni ya mitaani inapoonekana, Lamu na Mombasa. Terence Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975 kuhusu ngoma na jamii za Afrika Mashariki, alikataa wazo kwamba beni ilikuwa uigaji tu wa Wazungu. Alionyesha kwamba mashindano yake yalirithi uhasama wa kale wa mitaa na vyama vya ngoma. Mombasa walikuwako Kingi na Skochi. Kwingineko Marini na Arinoti. Walikuwa na sare, vyeo na karamu za kufilisiana. Kutoka pwani mtindo huo ulifuatana na askari na makarani hadi bara. Vita ya Kwanza ya Dunia ikausambaza mbali zaidi, hata mtafiti J. Clyde Mitchell, alipoandika mwaka 1956 kuhusu ngoma ya kalela katika miji ya migodi ya Rhodesia ya Kaskazini, akakuta nyuma yake nyayo za beni.

Sidai kwamba beni ya Sultani ndiyo iliyowafundisha vijana wa Mombasa kupuliza tarumbeta. Walikuwa na walimu wengine karibu zaidi, wakiwemo wamisionari wa Freretown na majeshi ya kikoloni yenyewe. Ninachodai ni kwamba maelezo yanayoanza na askari wa Kizungu yanaanza katikati ya hadithi. Watu wa pwani waliposikia shaba ikilia mbele ya mtawala walikuwa tayari na masikio yaliyofunzwa na siwa. Walijua kwamba mlio ule ni cheo. Walichofanya kipya, na hapa ndipo naona ujasiri wao, ni kutokuomba idhini. Chama cha beni kilijichagulia Kingi wake, kikampa jenerali na daktari, kikamshonea sare, kikampitisha barabarani kwa tarumbeta. Miongoni mwao walikuwamo watoto wa watumwa, watu ambao katika desturi ya Lamu wasingepigiwa siwa milele. Wakubwa waliwacheka kwa kujiita wafalme. Lakini mfalme wa kweli, kule kasrini, naye alikuwa na beni na sare bila hazina wala jeshi, na tofauti kati ya Kingi wa mtaani na Sultani wa posho haikuwa kubwa kama wacheshi walivyodhani.

Tarehe 12 Januari 1964 Mapinduzi yaliuondoa usultani. Jamshid bin Abdullah alikimbia, akaishi Uingereza kwa zaidi ya nusu karne kabla ya kurejea Oman mwaka 2020, na huko akafariki mwishoni mwa 2024. Beit al-Ajaib iliporomoka sehemu yake Desemba 2020. Beni, kwa upande wake, haikuondoka Unguja. Inakodiwa kwa harusi, hupita vichochoroni na kina mama wakiifuata kwa vifijo, na hakuna anayeuliza bwana harusi ni mtoto wa nani. Dar es Salaam kikundi kama hicho huitwa matarumbeta. Hupanda nyuma ya gari dogo la mizigo, likatangulia msafara wa maharusi kuelekea ukumbini, na bei hupatanwa kwa simu siku chache kabla.