Wacheza Ngoma wa Mstari Mmoja

Wewe msomaji uliyekulia Gilgil hushangai kuona mstari mrefu wa vijana ukigeuka kama mtu mmoja, kwani umewaona wa NYS wakipiga gwaride tangu utoto wako. Basi utafahamu upesi ninayokueleza.

Huko Marekani, tangu mwaka 2006 hadi 2021, televisheni ilionyesha wasichana wakishindania nafasi katika kikosi cha wacheza ngoma wanaoishangilia timu ya mpira ya Dallas Cowboys. Aliyeonekana hafai aliitwa ofisini, akaambiwa aende zake, naye akatoka akilia mbele ya kamera. Hata aliyecheza mwaka uliotangulia hakuwa na budi kujaribiwa upya. Kwetu Kenya mashindano ya namna hiyo, lakini ya waimbaji, yalianza mwaka huo huo wa 2006, yakiitwa Tusker Project Fame, na mshindi wa kwanza akawa Valerie Kimani.

Wanafunzi wangu hudhani kwamba mashindano ya jinsi hii yameletwa na televisheni. Sivyo. Fuata reli kutoka Gilgil hata Mombasa, kisha urudi nyuma kama miaka 80, utawakuta wanawake wa lelemama.

Hiyo ilikuwa ngoma ya wanawake Waislamu wa mjini. Walijipanga safu moja, wamevaa sare, wakicheza kwa taratibu na kwa pamoja, hata aliyekosea alionekana mara moja. Chama kimoja kilikuwa na hasimu wake, kama Ibinaal Watan na Banu Saada. Hawa wakishona sare mpya, wale hawalali. Hawa wakifanya karamu kubwa, wale hutafuta kubwa zaidi. Na nyimbo za mafumbo zikapelekwa huku na huku. Hapakuwa na waamuzi waliowekwa mezani. Mji ndio ulioamua, na mji, kama ujuavyo, haunyamazi.

Vyeo ndani ya chama vilipatikana kwa kuwakirimu wenzi. Utumwa ulikuwa umekomeshwa pwani ya Kenya mwaka 1907, lakini aibu yake haikukoma kwa sheria. Hata hivyo mwanamke wa asili ya utumwa aliweza kusimama katika safu na kupanda cheo. Sisemi kwamba hili lilikuwa jambo rahisi, maana karamu hula fedha, na maskini alibaki chini. Lakini aliyesimama ubavuni mwake alikuwa mwenziwe. Mshindani alikuwa ng'ambo, katika chama kingine. Katika kikosi cha Dallas, mshindani ni yule yule unayegusana naye bega.

Hata hivyo mwaka 2025 habari zilienea kwamba wachezaji wa Dallas, baada ya kushikamana na kudai haki yao, wameongezewa malipo kwa kadiri ya asilimia 400.