Nakiru, Jina la Mvua

Mazungumzo yetu ya leo yahusu majina ya watoto wa kike, na hasa jina moja ambalo ukipita Lodwar au Kakuma hutakosa kulisikia likiitwa. Jina hilo ni Nakiru.

Maana yake si fumbo. Katika Kiturkana, akiru ni mvua. Mtoto akizaliwa mvua inaponyesha, au katika siku zile ambazo ardhi bado ina unyevu, huitwa kwa mvua hiyo: wa kiume ni Lokiru, wa kike ni Nakiru. Ile Lo na ile Na za mwanzo ndizo zinazotofautisha mwanamume na mwanamke. Wakaramoja, ndugu zao walioko ng'ambo ya mpaka wa Uganda, hutumia majina hayo hayo.

Wewe unayenisikiliza kutoka Limuru au Kericho, ambako mvua ni jambo la kila mara, pengine wasema, mvua tu? Lakini Lodwar hupata kiasi cha milimita 200 hivi kwa mwaka mzima, na si kila mwaka. Mvua ikinyesha majani huota, majani yakiota mbuzi na ngamia hupata maziwa, na maziwa yakipatikana mama naye hupata nguvu ya kumnyonyesha mtoto. Msimu wa mvua huitwa akiporo, na kiangazi huitwa akamu. Mtoto azaliwaye akiporo huzaliwa penye matumaini ya kuishi. Basi mama anapomwita binti yake Nakiru hasemi habari za hali ya hewa. Anashukuru. Na yule anayeshukuriwa Waturkana walimwita Akuj tangu kale, nasi katika makanisa yetu ya kule tunamwita Mungu kwa neno hilo hilo mpaka leo, kwa sababu walioleta Injili waliona kwamba halikuwapo neno bora zaidi.

Tena jina hili ni kalenda. Waturkana huipa miaka majina, hasa ile mibaya. Ukame wa 1979 hadi 1981, ulioambatana na magonjwa ya mifugo na uvamizi, waliuita Lopiar, yaani ule uliofagia kila kitu. Hesabu ya miaka ya bibi asiye na cheti cha kuzaliwa haimo katika karatasi, imo katika majina. Mwulize Nakiru mzee alizaliwa lini, naye atakuambia ni mvua ipi, ilinyesha baada ya njaa gani, na mifugo ilikuwa wapi. Ukilifuta jina lake umefuta na hayo.

Wala Waturkana si peke yao. Katika Kenya hii, binti wa mvua ni Mumbua kwa Wakamba, Wambura kwa Wakikuyu, Akoth kwa Wajaluo, Jerop kwa Wakalenjin, Nafula kwa Wabukusu. Na huko Kakuma, tangu kambi ya wakimbizi ilipofunguliwa mwaka 1992, kumekuwa na binti mwingine wa mvua, ambaye ni Nyandeng. Deng kwa Wadinka ni mvua, na Nyandeng ni binti wa Deng. Kambi hiyo pamoja na makazi ya Kalobeyei ina watu zaidi ya 200,000, na walio wengi wametoka Sudan Kusini. Hutokea basi Nakiru na Nyandeng wakakutana penye maji, kila mmoja akiwa na mtungi wake, bila kujua kwamba mama zao waliwapa jina moja.

Majina mengine ya Kiturkana hutoka katika miti. Ewoi ni ule mgunga mkubwa wenye kivuli kandokando ya mito, na Esekon ni mswaki, nayo yote mawili ni majina ya watu. Asicheke mtu akisikia hayo, maana Biblia imejaa majina ya namna hiyo. Raheli maana yake ni kondoo jike, na twasoma katika Mwanzo mlango wa 29 kwamba alikuwa akilisha kondoo wa baba yake, kama binti yeyote wa Kiturkana. Tamari ni mtende. Debora ni nyuki. Esta, kabla ya kuitwa Esta, alikuwa Hadasa, nao ni mti mdogo wenye maua meupe. Hayo tunayoyaita leo majina ya Kikristo yalikuwa majina ya wachungaji wa mifugo katika nchi kame, waliotazama pande zote na kuwaita watoto wao kwa yale waliyoyaona.

Basi imekuwaje binti akija katika darasa la ubatizo aulizwe, “Jina lako la Kikristo ni lipi?”

Turkana ilifungwa na serikali ya kikoloni kwa muda mrefu. Mtu wa nje hakuingia bila kibali. Ni hasa wakati wa njaa ya 1960 na 1961 ndipo wamisionari walipopata nafasi ya kuingia Lodwar, wakiwa na Neno mkono mmoja na chakula mkono wa pili. Walifanya kazi njema, na matunda yake tunayaona. Lakini pamoja nao iliingia desturi iliyokuwa imeenea Kenya nzima, kwamba anayebatizwa apewe jina la Kizungu au la Biblia, na lile la nyumbani libaki nyumbani. Kwa bahati, Lodwar siku zile zile palikuwa na kizuizini aliyeijua desturi hiyo. Jomo Kenyatta, aliyewekwa huko mwaka 1959 mpaka 1961, alibatizwa katika misheni ya Waskoti Thogoto mwaka 1914 kwa jina la Johnstone.

Jambo hili si la Afrika peke yake, na ili tulione vema tutazame watu wa mbali waliolipitia zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Nadhani katika kila ushirika wa mijini siku hizi kuna binti aitwaye Vera, au Olga, au Natasha. Wazazi wengi hudhani ni majina ya Kiingereza. Sivyo. Yametufikia kutoka kwa Waslavi, yaani Warusi, Waukraine, Wabulgaria na jamaa zao.

Mwaka 863 ndugu wawili wa Thesalonike, mji ule ule uliopata barua mbili za Paulo, walitumwa kwa Waslavi wa Moravia kwa ombi la mtawala wao Rastislav. Ndugu hao ni Cyril na Methodius. Walitengeneza herufi, wakaanza kutafsiri Injili katika lugha ya Kislavi. Wakapingwa vikali na makasisi waliosema kwamba Mungu husifiwa kwa lugha tatu tu, Kiebrania, Kigiriki na Kilatini, zile zilizoandikwa juu ya msalaba. Hoja ya ajabu, kwa kuwa anwani ile iliandikwa kwa amri ya Pilato.

Kutokana na tafsiri majina nayo yakafunguka. Kulikuwa na masimulizi ya kale juu ya mama mmoja wa Roma na binti zake watatu waliouawa kwa ajili ya imani. Sisi hatuna desturi ya kuwaadhimisha watakatifu kwa siku zao, lakini sikiliza majina ya wale wasichana kwa Kigiriki: Pistis, Elpis, Agape. Waslavi hawakuwalazimisha binti zao kuitwa hivyo. Waliyatafsiri, yakawa Vera, Nadezhda, Lyubov, yaani Imani, Tumaini, Upendo. Mama yao tu ndiye aliyebaki na jina lake la Kigiriki, Sofia. Sisi nasi tunao akina Imani, Tumaini na Upendo, na hakuna mchungaji anayewakataa kisimani pa ubatizo.

Lakini usidhani Waslavi walipita salama. Olga, aliyetawala Kiev, alibatizwa Constantinople katikati ya karne ya 10 akapewa jina la Helena, kwa heshima ya mke wa mfalme mkuu wa huko. Olga limetoka katika jina la watu wa kaskazini, Helga, ambalo maana yake ni mtakatifu. Walitaka nini zaidi? Mjukuu wake Vladimir alibatizwa mwaka 988 akaitwa Vasili. Na leo, nenda kokote Urusi au Ukraine uulize habari za Helena na Vasili, watakutazama tu. Watu wamewakumbuka kama Olga na Vladimir, na kanisa lenyewe huwataja hivyo.

Habari ya Svetlana ni ya karibu zaidi, nami naipenda kuliko zote. Jina hili limetoka katika neno svet, nuru, na lilitungwa na mshairi Vostokov mwaka 1802. Mwenzake Zhukovsky akalitumia katika shairi lililochapishwa mwaka 1813, watu wakalipenda mno. Lakini halikuwamo katika orodha ya majina ya watakatifu, kwa hiyo binti aliyeitwa Svetlana nyumbani alibatizwa kwa jina la Kigiriki lenye maana ile ile ya nuru, Photini. Na Photini ni nani? Ndilo jina ambalo Wakristo wa mashariki humpa yule mwanamke Msamaria wa Yohana mlango wa 4, aliyekwenda kuteka maji saa za jua kali akamkuta Bwana ameketi penye kisima cha Yakobo, amechoka, akiomba maji ya kunywa. Injili haimtaji kwa jina. Mwanamke wa Kiturkana achimbaye maji katika mchanga wa mto Tarach hahitaji kuelezwa jua lile lilikuwaje.

Baada ya mapinduzi ya 1917 jina Svetlana likaenea kila mahali, mpaka Stalin, aliyefunga makanisa kwa maelfu, akamwita binti yake hivyo mwaka 1926. Binti huyo akabatizwa katika kanisa la Moscow mwanzoni mwa miaka ya 1960.

Sasa yuko mzee wa kanisa atakayeniambia, “Ndugu, mvua sawa, lakini Deng si mvua tu. Wadinka wa kale walimwomba Deng kama mungu. Utambatizaje binti kwa jina la mungu wa kienyeji?” Swali hili ni zito wala halistahili kupuuzwa. Jibu langu ni hili: fungua Warumi mlango wa 16. Fibi, mhudumu wa kanisa la Kenkrea, ana jina la mungu wa kike wa Wayunani. Katika mlango huo huo yumo Herme, jina la mungu mwingine wao. Apolo aliyefundisha Korintho ana jina lililotokana na Apollo, na Epafrodito wa Filipi amebeba jina la Afrodite. Paulo, ambaye hakuona haya kumkemea Petro mbele ya watu wote, hakumbadilishia jina hata mmoja wao. Aliwasalimu, akawasifu, akaendelea na barua.

Ni kweli Mungu mwenyewe alibadilisha majina. Yakobo akawa Israeli, na Simoni akaitwa Petro. Yuko pia mtu aliyepewa jina la aibu, anayetamani kuliacha, naye asizuiwe. Lakini ipo habari nyingine katika Danieli mlango wa 1, ambapo mkuu wa matowashi wa Babeli anawapa vijana wa Yuda majina mapya, na Danieli anaitwa Belteshaza. Huko anayebadilisha majina ni yule mwenye nguvu na mwenye chakula.

Huko Kakuma jambo hili si la mjadala tu. Wako watoto waliofika bila wazazi, waliopotezana nao vitani au njiani. Shirika la Msalaba Mwekundu huwatafuta jamaa waliopotezana, na njia yao kubwa ni majina: la mtoto, la baba, la babu, na la mahali. Binti akiandikishwa Maria peke yake, ni Maria wangapi walioko katika kambi ile? Mama aliyeko Bor au Juba hamtafuti Maria. Anamtafuta Nyandeng, binti wa fulani, aliyezaliwa mwaka wa mvua fulani.

Hatusemi Maria ni jina baya. Akitaka kuitwa Maria Nakiru, na aitwe, na wako wengi waitwao hivyo. Tunasema tu kwamba katika kitabu cha ubatizo, kwenye nafasi ya jina, Nakiru liandikwe zima, kwa herufi zake sahihi, na siyo mkato wa herufi N na nukta.

Na wewe mwinjilisti uliyetoka mikoa mingine ukapelekwa Lodwar, Lokichar au Kakuma, mama akikuletea mtoto na kukutajia jina usilolijua, usikimbilie kalamu. Keti naye kivulini umwulize maana yake. Akisema ni mvua, mwulize ni mvua ipi.