Wafua Shaba wa Katanga

Vilima vya Likasi na Buluo, kusini mwa Kongo, vilijua moto wa shaba karne nyingi kabla ya kampuni za kikoloni. Wasanga, na baadaye Wayeke, waliyeyusha shaba wakati wa kiangazi, mtama ukishavunwa. Walikusanya malakiti, lile jiwe la kijani, wakachoma makaa, wakajenga tanuru kwa udongo wa kichuguu. Vijana walivuta mivukuto. Fundi mkuu alishika dawa na miiko ya kazi, kwa maana tanuru halikuwa jambo la mikono peke yake. Shaba ya kwanza ilitoka chafu. Iliyeyushwa tena, ndipo ikamiminwa katika kalibu yenye umbo la msalaba.

Msalaba huo ulikuwapo kabla ya wamisionari. Katika makaburi ya Sanga, kando ya Ziwa Kisale, waakiolojia wameikuta misalaba ya shaba pamoja na mifupa ya watu waliozikwa karne nyingi zilizopita. Kadiri miaka ilivyosonga ikawa midogo, ikakaribiana vipimo: ikawa fedha. Ilinunua bidhaa, ilitolewa mahari.

Shaba hiyo ndiyo iliyowavuta Wasumbwa kutoka Unyamwezi, waliokuja kuitwa Wayeke. Mmoja wao, Ngelengwa, anayejulikana zaidi kama M'Siri, alijenga dola lake Bunkeya, na mafundi wa Kiyeke wakasifika kwa nyaya nyembamba za bangili. Tarehe 20 Desemba 1891 aliuawa na watu wa msafara wa Stairs, uliotaka kuitwaa Katanga kwa mfalme wa Ubelgiji. Mwaka 1906 ikaundwa kampuni ya madini ya Union Minière du Haut-Katanga. Mwaka 1911 tanuru lake la Lubumbashi likatoa shaba. Mjukuu wa mfua shaba akawa kibarua kwenye madini ya babu yake. Mmisionari de Hemptinne, baadaye askofu, alipochapisha habari za "walaji wa shaba", yaani wafua shaba hao, mwaka 1926, alikuwa akieleza kazi iliyokwisha kuzimika.

Umbo limebaki: mwaka 1960 bendera ya Katanga iliyojitenga na Kongo chini ya Tshombe ilibeba misalaba mitatu. Lakini msalaba kwenye bendera, au nyuma ya kioo cha makumbusho, haumfundishi mtu kuchagua udongo wala kusoma rangi ya moto. Hilo ndilo linaloniuma.

Mji wa madini kama Likasi una wajibu wa kujenga tanuru moja la udongo kila kiangazi na kuwaita wazee wa Bunkeya. Nanyi vijana wa Buluo, waulizeni wazee wenu walichosimuliwa, mkiandike mwaka huu huu.